Mwili ni maktaba: safari ya Faustin Linyekula na swali inaloiachia Kalemie

Mwaka 1915, reli iliyotoka Kabalo ilifika kwenye Ziwa Tanganyika, katika mji ulioitwa wakati ule Albertville na ambao leo ni Kalemie. Kilikuwa kipande cha mwisho cha njia ndefu iliyoanzia Kisangani: treni mpaka Ubundu, meli juu ya mto mpaka Kindu, treni tena mpaka Kongolo, meli mpaka Kabalo, halafu treni mpaka ziwani. Kampuni moja, CFL, ndiyo iliyojenga reli hizo zote. Kipande cha kwanza, chenye kilomita 125 za kuzunguka maporomoko ya Boyoma, kilimalizika mwaka 1906.

Ni huko Ubundu, karibu na ncha nyingine ya njia hiyo, ndiko alikozaliwa Faustin Linyekula mwaka 1974. Leo ni mmoja wa wasanii Wakongomani wanaojulikana zaidi ulimwenguni katika sanaa ya mwili. Anacheza, anasimulia, anatunga maonyesho na kufundisha vijana. Karibu kila kazi yake inatoka katika maisha yake mwenyewe: rafiki aliyekufa, kijiji cha utoto, ukoo wa mama yake, nchi iliyobadilishwa jina. Onyesho lake la mwaka 2020 lina jina linaloeleza kazi yake yote. Kwa Kiswahili tungesema: Mwili wangu, maktaba yangu.

Wazo hilo linagusa moja kwa moja jimbo la Tanganyika. Hapa watu wengi wamekimbia vijiji vyao mara mbili au tatu, wakaacha nyumba, karatasi za shule, picha za harusi na makaburi ya wazazi. Kilichobaki ni kile walichobeba ndani yao.

Kutoka Kisangani mpaka Nairobi, kisha kurudi

Linyekula alikulia katika nchi iliyoitwa Zaire, wakati chama kimoja kilipowataka watu waimbe na kucheza kwa sifa ya Rais Mobutu. Watu wazima wa Kalemie wanakumbuka vizuri miaka ile ya "animation politique": wanafunzi, wafanyakazi wa serikali na akina mama walipangwa kwa mistari, wakafundishwa hatua na nyimbo za chama. Mtoto wa wakati ule alijifunza mapema kwamba mwili wake ungeweza kutumwa na mtu mwingine.

Alisoma mambo ya vitabu na tamthilia huko Kisangani. Mwaka 1993, wakati nchi ilikuwa inaporomoka, aliondoka kwenda Nairobi. Huko, mwaka 1997, alianzisha kikundi cha Gàara pamoja na Mkenya Opiyo Okach na Afrah Tenambergen. Gàara kinahesabiwa kuwa kikundi cha kwanza cha dansi ya kisasa nchini Kenya.

Mwaka 2001 alirudi nyumbani. Haukuwa wakati mzuri wa kurudi. Mwezi wa kwanza wa mwaka huo Rais Laurent-Désiré Kabila alikuwa ameuawa. Mwaka mmoja mbele yake, mwezi wa sita 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana kwa siku sita ndani ya Kisangani na kuua raia wengi. Nchi ilikuwa imegawanyika, na mtu wa Kinshasa hakuweza kwenda Kisangani au Kalemie apendavyo. Hata hivyo Linyekula alianzisha Studios Kabako mjini Kinshasa, mahali pa kufanyia mazoezi, kufundisha na kutunga. Mwaka 2006 akaanza kuhamishia kazi yake Kisangani.

Uamuzi huo wa pili ni mzito kuliko unavyoonekana. Msanii wa Kongo anayetaka kuonekana huenda Kinshasa kwanza, halafu Brussels au Paris. Yeye alikuwa tayari ameingia kwenye maonyesho makubwa ya Ulaya, akarudi katika mji wa ndani ambako barabara ni mbovu na umeme hukatika. Mwaka 2007, shirika la Prince Claus la Uholanzi lilimpa tuzo yake kuu.

Kumzika rafiki kwa dansi

Jina Kabako lilikuwa la mtu, rafiki yake Linyekula wa ujana, mwandishi, ambaye alikufa kwa ugonjwa wa tauni akazikwa mbali na kwao. Miaka mingi baadaye rafiki zake walibaki na deni ambalo familia nyingi za mashariki ya Kongo zinalijua: kuna mtu wenu amelala katika udongo ambao si wa kwenu, na hakupata matanga yanayostahili.

Linyekula alilipa deni hilo kwa njia anayoijua. Mwaka 2006 alitunga Dinozord, kazi iliyoonyeshwa Vienna katika maonyesho ya kuadhimisha miaka 250 tangu kuzaliwa kwa Mozart. Ndani yake kulikuwa na wachezaji wa Kongo, misa ya wafu ya Mozart, na sauti nyembamba ya juu ya Serge Kakudji, kijana wa Katanga. Kulikuwa pia na maneno ya rafiki mwingine, Antoine Vumilia Muhindo, aliyekuwa wakati ule katika gereza la Makala mjini Kinshasa, akiwa amehukumiwa katika kesi ya kifo cha Kabila.

Mwaka 2012 kazi hiyo ilifanywa upya. Safari hii Vumilia mwenyewe alisimama jukwaani, kwa sababu alikuwa ametoroka gerezani na kupata makimbilio nchini Sweden. Mtu aliyekuwa barua tu katika onyesho la kwanza sasa alikuwa na mwili na sauti mbele ya watazamaji.

Hapo ndipo tofauti kati ya sanaa hii na tamthilia ya kawaida inaonekana. Katika tamthilia, mwigizaji hujifanya mfungwa. Hapa mfungwa ni mfungwa kweli, rafiki aliyefiwa ni rafiki aliyefiwa kweli, na anachokifanya kwa mikono na miguu kimetoka katika mambo yaliyompata.

Treni ya kwenda Obilo

Mwaka 2011 Linyekula alitunga Le Cargo, onyesho lake la kwanza la kusimama peke yake. Kwa miaka kumi alikuwa amesimulia hadithi za nchi, vita na kisiasa. Sasa alijiuliza kama bado anaweza tu kucheza, na dansi yake mwenyewe iko wapi.

Ili kutafuta jibu alirudi kwenye reli ya utoto wake, akaenda Obilo, kijiji kilichoko upande wa Ubundu. Alikumbuka ngoma alizozisikia huko akiwa mtoto, pamoja na zile za usiku ambazo watoto hawakuruhusiwa kuzikaribia. Alipofika alikuta ngoma hizo hazichezwi tena kama zamani. Ilibidi aulize, asikilize, na kujaribu kuzitafuta katika magoti na mabega yake mwenyewe.

Watu wa Tanganyika wanalielewa jambo hilo bila maelezo marefu. Katika vijiji vingi ngoma za jando, za mavuno au za kuaga wafu zimenyamaza. Vita vimetawanya waliozijua. Kanisa nyingi zimezikataza kwa kusema ni mambo ya mapepo. Vijana wenyewe wanapenda zaidi muziki wa simu. Sababu ni nyingi, lakini matokeo ni mamoja: mzee mmoja anapokufa, hatua fulani za ngoma zinaondoka naye, na hakuna daftari lolote zilimoandikwa.

Sanamu ya New York, fuvu la Brussels

Mwaka 2017 jumba la makumbusho la Metropolitan, huko New York, lilimwalika Linyekula kutunga onyesho ndani ya jumba hilo. Kati ya vitu vya Kiafrika vilivyohifmwa humo alikutana na sanamu ya Walengola, watu wa ukoo wa mama yake. Badala ya kuanzia Marekani, alifunga safari na jamaa zake kwenda Banataba, kijiji cha wazee wa upande wa mama. Onyesho alilolitunga, akicheza pamoja na Moya Michael wa Afrika Kusini, liliitwa Banataba.

Kutoka safari hiyo likazaliwa swali lingine. Katika ukoo, majina yanayohesabiwa na kurudiwa ni ya wanaume. Wanawake waliozaa ukoo huo wako wapi? Onyesho la 2020, lile la Mwili wangu, maktaba yangu, linawatafuta kwa dansi, kwa sanamu za mbao, na kwa tarumbeta ya Mmarekani Heru Shabaka-Ra. Lilikuwa limepangwa kuonyeshwa Tate Modern, London, mwezi wa tatu 2020. Korona ikafunga milango. Linyekula alicheza katika ukumbi usio na watazamaji, na watu wakamfuata kwa intaneti.

Jimbo la Tanganyika lina hadithi yake ya sanamu iliyoondolewa, na hii ni kali zaidi. Mwaka 1883 Émile Storms, mwanajeshi Mbelgiji aliyetumwa na Shirika la Kimataifa la Afrika la Mfalme Leopold wa 2, alijenga kituo Mpala, kwenye ufuko wa ziwa kusini mwa mahali ilipo Kalemie leo. Tarehe 4 Desemba 1884, watu aliowatuma walishambulia kijiji cha Lusinga lwa Ng'ombe, chifu mwenye nguvu wa Watabwa, wakamuua na kumkata kichwa. Storms aliporudi kwao alichukua fuvu la Lusinga pamoja na sanamu ya wazee wake.

Sanamu hiyo iko katika jumba la makumbusho la Tervuren. Fuvu liliishia katika taasisi ya sayansi ya viumbe mjini Brussels. Waandishi wa habari na watafiti wameandika juu ya jambo hilo miaka hii ya karibuni, na mwaka 2022 sanamu ya Storms mwenyewe iliondolewa katika bustani moja ya Ixelles, Brussels. Kwa hiyo swali la nani anashika kumbukumbu ya mwili wa mtu si la mabingwa wa Ulaya peke yao. Ni swali la Mpala, la Moba, na la Kalemie.

Wazo lisilotoka mbali

Kuna wanaofikiri kwamba kusema "mwili ni maktaba" ni maneno ya wazungu. Historia ya eneo hili inaonyesha kinyume.

Watabwa wa pwani ya ziwa walichora ngozi zao kwa chale zilizopangwa kwa utaratibu. Pembetatu zinazofuatana, mfano unaoitwa balamwezi, yaani kuchomoza kwa mwezi mpya, ziliwekwa kwenye sanamu, mikeka na vyombo. Mwezi unaotoweka na kurudi uliwafundisha watu juu ya giza na mwanga, hatari na tumaini. Aliyejua kusoma chale alijua mtu aliye mbele yake ametoka wapi.

Kwa upande wa Waluba kulikuwa na chama cha mbudye, watu waliolinda historia ya ufalme. Walitumia lukasa, ubao unaoshikwa mkononi, wenye shanga na nakshi. Msomaji aligusa shanga kwa kidole, akasimulia wafalme, safari na mipaka. Mbudye walicheza pia, kwa maana historia ilichezwa kama vile ilivyosemwa. Chale za wanawake wa Kiluba nazo zilisomwa kwa macho na kwa vidole, na jina la ngozi isiyo na alama halikuwa la sifa.

Msanii wa leo anayetoa hadithi katika mwili wake anafuata njia ambayo babu zake waliijua. Kilichobadilika ni jukwaa, na watu wanaokaa mbele yake.

Wazee waliocheza Zaire

Mwaka 2019 Linyekula alipeleka Avignon, Ufaransa, onyesho juu ya Ballet ya Taifa ya Zaire. Kikundi hicho kiliundwa mwaka 1974, mwaka aliozaliwa yeye, ili kuonyesha umoja wa taifa jinsi Mobutu alivyoutaka. Kati ya kazi zake kubwa kulikuwa na utenzi wa Lianja, shujaa wa Wamongo.

Linyekula aliwapandisha jukwaani wachezaji wenyewe wa kikundi hicho, ambao sasa ni wazee. Magoti yao si yale ya zamani, lakini hatua bado wanazo. Wanasimulia pia gharama yake: safari, sifa, mishahara iliyokwisha, na maisha baada ya taa kuzimwa. Mtazamaji anaona mambo mawili kwa pamoja, uzuri wa dansi na uongo wa siasa iliyoiagiza. Kitabu kingeweza kueleza moja baada ya jingine. Mwili wa mzee anayecheza unavionyesha vyote kwa dakika ileile.

Njia hii imepata wafuasi pia kusini. Dorine Mokha, mzaliwa wa Lubumbashi mwaka 1989, alisomea sheria kabla ya kushika dansi na uandishi. Alifanya kazi karibu na Studios Kabako, akatunga mfululizo wa maonyesho ya kusimama peke yake juu ya maisha ya mtu anayekaa kati ya pande mbili, asiyekubaliwa kwa ukamilifu popote. Mwaka 2019 alishiriki kutunga Hercules of Lubumbashi, kazi ya muziki na dansi juu ya machimbo ya Katanga na wanaofaidika nayo. Alifariki mwezi wa kwanza 2021, akiwa na miaka 31. Kifo chake kinakumbusha kwamba maktaba ya namna hii haina nakala.

Swali kwa Kalemie

Tangu mwaka 2016, mapigano kati ya Watwa na Waluba yalifukuza mamia ya maelfu ya watu katika jimbo la Tanganyika. Wengi walikuja Kalemie, wakakaa katika kambi kama Katanyika na Kalunga, au kwa jamaa. Ziwa nalo limepanda miaka hii na kuingia katika mitaa ya chini ya mji. Vita vya Kivu vimeleta wengine kwa boti kutoka upande wa Fizi na Uvira.

Wanaosaidia huhesabu familia, mashuka, ndoo na magunia ya unga. Hesabu hiyo ni ya lazima. Lakini hakuna karatasi inayouliza mama wa Nyunzu anajua nyimbo gani za kumlaza mtoto, au mzee wa Kitwa anakumbuka ngoma gani za msituni. Mambo hayo yakikosa pa kutokea, yanabaki ndani, na mara nyingi yanageuka kuwa ukimya au hasira.

Mfano wa Kisangani unasaidia hapa. Studios Kabako haikuishia kwenye jukwaa. Ng'ambo ya mto, katika komini ya Lubunga ambayo kwa muda mrefu imeachwa nyuma, ilifikiria mahali pa sanaa pamoja na maji safi ya kunywa kwa wakaaji. Maana yake ni rahisi: huwezi kumwambia mtu aje kutazama mwili ukicheza, wakati mwili wa mtoto wake unaharisha kwa maji machafu. Sanaa na kisima vinakwenda pamoja.

Kuna maswali magumu ambayo hayafai kufichwa. Kazi nyingi za Linyekula zimelipiwa na majumba ya Ulaya, na baadhi zilionekana Vienna au Avignon kabla ya kuonekana Kongo. Mzazi wa Kalemie ana haki ya kuuliza kama dansi itamlisha mtoto wake. Pasta ana haki ya kuuliza ngoma fulani ina maana gani kabla ya kuikubali. Na kuna hatari nyingine: kuwaomba waliojeruhiwa waonyeshe majeraha yao ili wageni wapige makofi.

Linyekula amejibu hatari hiyo kwa jinsi anavyofanya kazi. Anaanza na hadithi yake mwenyewe, rafiki yake, mama yake, kijiji chake. Anaposimama na watu wengine, kama Vumilia au wazee wa Ballet, wao wenyewe ndio wanaosimulia, kwa majina yao. Hakuna anayelazimishwa kulia mbele ya kamera.

Kalemie haihitaji kungoja jumba kubwa ili kuanza kazi kama hiyo. Shule inaweza kumwalika mzee mmoja kwa mwezi afundishe hatua za ngoma moja na kueleza ilichezwa lini, na kwa nini. Vijana wenye simu wanaweza kuzirekodi, kwa ruhusa ya mwenye nazo, na kuziweka mahali zisipopotea. Watwa na Waluba ambao wanashiriki mazungumzo ya amani wanaweza kuulizwa pia juu ya ngoma walizokuwa wakichezeana kwenye harusi na matanga kabla ya mishale kuruka. Na wakati viongozi wanapozungumza na Ubelgiji juu ya vitu vilivyochukuliwa, jina la Lusinga linaweza kutajwa na watu wa pwani aliyokufa kwayo.

Reli ya kwenda Kabalo ni ya kizamani na safari zake si za kutegemea. Ubundu uko mbali sana kwa mtu wa Kalemie. Lakini mtoto aliyezaliwa huko mwaka 1974 ameonyesha kwamba watu ambao nyaraka zao zimeungua hawajapoteza kila kitu. Bado kuna wanaojua, na wengi wao wana zaidi ya miaka sabini. Kazi ya kuwauliza ina haraka.